Mchekeshaji akiandika, akaigiza, akatunga na wimbo: alipwe mara ngapi?

Mleta mada

Mchekeshaji mkongwe akilazwa tu, nambari ya paybill ya kumchangia kwa M-Pesa inaanza kuzunguka kwenye simu zetu. Tulimchangia Benson Wanjau, Mzee Ojwang' wetu, macho yalipomsumbua; akafariki Julai 2015. Kila mara kama hiyo lazima mtu aulize serikali iko wapi. Mimi naona swali lenyewe silo. Tuulize kazi yao ilinunuliwa vipi.

Nimefanya kazi ya sauti kwenye vipindi vya vichekesho hapa Nairobi, stesheni siitaji. Kulikuwa na mama mmoja aliyekuja na mswada wake kwenye daftari la shule, umeandikwa kwa kalamu ya bluu, na vicheko vya watazamaji amevikadiria pembeni kwa penseli. Anaigiza jirani mbea, anageuka anakuwa chifu, na sauti hazifanani hata kidogo. Wimbo wa kufungulia kipindi ni wake pia: aliniimbia bila maneno, nikarekodi, mpiga kinanda akafuata. Siku ya malipo nilimwona akitia sahihi. Karatasi ilisema: "Mwigizaji, siku 1." Basi. Uandishi haukuwamo, muziki haukuwamo. Kipindi kimerudiwa mara nyingi, na klipu ziko YouTube na tangazo la sabuni mbele yake.

Hapo ndipo penye kidonda. Sheria ya Hakimiliki ya 2001, kifungu cha 31, inasema kazi uliyoagizwa uifanye inahesabiwa kuwa imehamia kwa aliyeagiza, ila kama mmekubaliana vinginevyo. Yaani ukinyamaza, umepeana. Nani atabishana kwenye korido ilhali waigizaji wengine wako foleni nje?

Pendekezo langu: kuigiza, kuandika na kutunga viwe mistari mitatu kwenye mkataba, na marudio yalipiwe. Iwe lazima, isiwe hisani ya bosi. Mnasemaje?

Wa Buruburu

Ndugu, unaongea kama mtu ambaye hajawahi kulipa kundi zima Ijumaa jioni. Mimi ni mtayarishaji. Stesheni inaweza kunilipa baada ya miezi, na mimi nimeshalipa gari, chakula, taa na nyumba ya kukodi ya kurekodia. Ukiniongezea deni la kila marudio, najua stesheni itafanya nini: itanunua telenovela ya Meksiko ambayo gharama zake zilisharudi kwao kitambo, na huyo mama wako atakaa nyumbani. Ndiyo, Mamlaka ya Mawasiliano inadai angalau asilimia 40 ya vipindi viwe vya humu nchini. Lakini asilimia hiyo unaweza kuijaza na watu watatu wamekaa kwenye kochi wakibishana siasa. Hawahitaji mswada wala wimbo.

Wa Kayole

Kwani bado mko kwa stesheni? Mimi naandika, naigiza, nahariri kwa simu, chaneli ni yangu. Shida yangu ni moja tu: kampuni ikinipa tangazo inataka video "itumike popote milele." Nilikataa hilo neno milele, wakamchukua mwingine.

Mleta mada

Wa Kayole, umenisaidia bila kukusudia. Chaneli ni yako na bado ulikutana na kifungu kilekile, kimevaa suti tu. Mmoja mmoja hatuwezi.

Wa Buruburu, hoja ya telenovela ni nzito na sitaki kuikwepa. Sikusema ulipe wewe, wala malipo sawa kila marudio. Nasema asilimia ya matangazo yaliyouzwa kwenye marudio, itoke kwa stesheni. Kusipouzwa tangazo, hakuna deni. Hata wewe ungepata fungu. Na mkiniuliza kuhusu chama cha kukusanya mirabaha ya wasanii, PRISK, chama cha haki za waigizaji na wanamuziki, ilianzishwa kwa ajili ya waigizaji pia, si wanamuziki peke yao, ila vuta nikuvute za leseni kati ya vyama hivi na KECOBO, bodi ya hakimiliki ya serikali, zimefika hadi mahakamani, na mwigizaji wa kawaida amechoka kusubiri. Ndiyo maana naanza na mkataba.

Wa Rongai

Mimi ni mwigizaji wa zamani. Karatasi zangu zote zilipotea nikihama. Sasa nifanyeje?

Mleta mada

Shikamoo mama. Anza na nyimbo. Kama kuna wimbo uliokuwa umeshautunga kabla hawajakuagiza, kanisani au kwa jukwaa, kifungu cha 31 hakikugusi hapo. Kuuhamisha kunahitaji maandishi yenye sahihi yako, kwa hiyo wao ndio watoe karatasi, si wewe. Tafuta mtu aliyekuwepo ulipouimba mara ya kwanza, na kaseti kama ipo. Miswada uliyoagizwa itakuwa ngumu zaidi, hapo usiende bila wakili. Na nyinyi wengine mnaorekodi wiki hii, pigeni picha ya karatasi ya malipo kabla ya kutia sahihi.