MREJESHO: Kesi ya talaka imehamishwa

Habari zenu wapendwa. Mimi ndiye yule dada wa Mufindi niliyeuliza nifanyeje: mume kafungua kesi ya talaka Mahakama ya Mwanzo ya kwao, na karani wa pale ni shemeji yake. Wengi mliniambia nisisusie tarehe. Asanteni, maana nilikuwa nishaamua kususa.

Mwanasheria wa msaada wa bure alinionyesha kifungu cha 47 cha Sheria ya Mahakama za Mahakimu: Mahakama ya Wilaya inaweza kuagiza shauri la Mahakama ya Mwanzo lililo wilayani kwake lihamie kwake. Tukapeleka maombi Mahakama ya Wilaya, Mafinga, na hati ya kiapo. Hapo ndipo nilipotoka jasho na baridi yote ile. "Sina imani nao" haitoshi, mama, lazima useme kwa nini. Niliandika undugu wao, na tarehe mbili nilizosomewa vibaya nikakuta kesi imeshaahirishwa. Mume alipinga, akasema namchelewesha. (Yeye, aliyekaa miaka mitatu bila kuja nyumbani!)

Mahakama ya Wilaya imekubali. Jalada limeshafika, na baraza la usuluhishi wa ndoa, tulikopita kabla ya kesi, haturudii; hati yao ya mwanzo inatosha.

Aliyeniambia mke asiye na mshahara hapati kitu mali ikigawanywa, atafute kesi ya Bi Hawa Mohamed ya 1983: Mahakama ya Rufani ilisema kazi za nyumbani nazo ni mchango katika mali ya ndoa. Mimi shamba la miti nimelipalilia kwa mikono yangu.

Tunaanza kusikilizwa mwezi ujao.