Apfelkuchen ya Jumapili: ya kufunikwa, ya hamira kwenye trei, au ya matufaha yaliyozamishwa?

Saumu_wa_Pangani
Habari za jioni wanajukwaa. Nipo Ujerumani, na Jumapili hii wakwe zangu wanakuja kunywa kahawa saa tisa alasiri. Mama mkwe amenilisha keki zake tangu nifike nchi hii. Safari hii nataka nioke mimi, na iwe Apfelkuchen, yaani keki ya matufaha, ya kwao ya asili, si ya kununua. Nimesoma mapishi mengi, nimebaki na matatu:
1. Gedeckter Apfelkuchen: unga wa siagi chini, matufaha katikati, unga tena juu kama mfuniko.
2. Ya unga wa hamira kwenye trei kubwa, matufaha yamepangwa juu, kisha chenga za siagi na sukari, zile wanazoita Streusel.
3. Versunkener Apfelkuchen: matufaha nusu nusu yaliyozamishwa kwenye rojo la keki.
Ipi nichague? Wenye uzoefu naomba msaada.

Mzee_wa_Oveni
Karibu dada Saumu. Ila umetuficha mambo muhimu. Wageni wangapi? Oveni yako inatoa joto la juu na chini, au ni ya feni tu? Chombo cha kuokea unacho, kipana kiasi gani? Na matufaha ya aina gani? Usipotuambia hayo, kila mtu atakutajia keki anayoipenda yeye.

Bi_Mwanaisha
Namba 3 mwanangu, usijitese. Siagi laini gramu 125, sukari 125, mayai matatu, unga 200, vijiko viwili vidogo vya baking powder, maziwa kidogo rojo likiwa zito. Matufaha manne au matano madogo, menya, kata nusu, toa kokwa, kisha mgongoni uyachanje kwa kisu mistari ya karibu karibu bila kufika chini. Yakiiva ile mistari inafunguka vizuri sana. Nyuzi 180, dakika 45 hivi, umemaliza. Tia na iliki kidogo.

Ndugu_wa_Stuttgart
Iliki hapana jamani, kasema ya asili.
Na mbona hakuna aliyetaja ya huku Swabia? Unga wa siagi chini na pembeni, matufaha, halafu unamwagia krimu iliyopigwa na mayai, sukari, vanila na kijiko cha wanga wa mahindi. Ikiiva ile krimu inashikana, ukikata kipande kinasimama. Mimi ndiyo ninayoijua kama Apfelkuchen, hizo nyingine ni za kaskazini.

Saumu_wa_Pangani
Ahsanteni. Samahani kwa kuacha hayo. Tutakuwa watu sita. Oveni ina yote mawili, feni na joto la juu na chini. Nina Springform ya sentimita 26, ile ya kufungua pembeni, na trei iliyokuja na oveni. Matufaha tayari nimenunua mfuko wa Elstar. Halafu mapishi mengi ya namba 1 yanataka zabibu kavu zilizolowekwa kwenye rum, na mimi pombe siingizi jikoni.

Mzee_wa_Oveni
Zabibu loweka kwenye maji ya matufaha ya moto, zitavimba vilevile, na ndimu kidogo inazipa uhai. Wajerumani wenyewe wengi hufanya hivyo wakiwapikia watoto.

Watu sita na Springform ya 26 vinaendana. Trei ni ya watu kumi na tano, itakubakia mpaka katikati ya wiki, na ya hamira utamu wake ni siku ileile. Kwa hiyo namba 2 mimi naiondoa.

Fundi_Hamira
Mzee, heshima yako, lakini usiiondoe hivihivi. Nusu ya kipimo inatosha watu sita. Kipimo kizima ni unga gramu 500 na pakiti moja ya hamira kavu ya gramu 7, nusu yake inaingia kwenye hiyohiyo Springform. Maziwa yawe vuguvugu, yasiwe ya moto. Kanda mpaka unga uache kushika mikono, funika, uache uumuke mara mbili ya ulivyokuwa. Mtu wa Pangani aliyekanda unga wa maandazi tangu utoto hawezi kushindwa na huu. Mkono wake tayari unajua. Unga wa siagi ndio mgeni kwake: ukiukanda sana unakuwa mgumu, jiko likiwa na joto unayeyuka mkononi.

Ndugu_wa_Stuttgart
Hapo nakubaliana. Unga wa siagi haukandwi kama chapati. Unaukusanya haraka, siagi ikiwa baridi, kisha friji nusu saa.

MamaZuwena_Kiel
Saumu mdogo wangu, kabla hujachagua namba 1 nisikilize.

Shule ya chekechea ya mwanangu ilikuwa na sherehe ya kiangazi, kila mzazi alete keki. Nikachukua pishi la gedeckter mtandaoni, lenye picha nzuri na nyota nyingi. Pishi lilisema kata matufaha vipande, changanya na sukari na mdalasini, jaza, funika, oka. Nikafuata neno kwa neno. Halikusema kwamba tufaha bichi likikutana na sukari linatoa maji mengi sana, wala kwamba likiiva linanywea. Juu, mfuniko ulikuwa umeiva na rangi imekuja nzuri. Chini yake kukabaki pengo tupu, matufaha yameshuka yote, na kitako cha keki kimelowa maji kama uji.

Na chombo kilikuwa kipya, ila kifungo chake hakikubani sawasawa. Siagi ikaanza kudondoka chini ya oveni, ikaungua, moshi ukatanda. Nyumba za huku kila chumba cha kulala na korido lazima pawe na king'ora cha moshi. Kikalia. Jirani wa juu akashuka, wa chini akapanda, mtoto analia. Nilipoikata ikiwa na moto bado, kila kitu kikamwagika kwenye sahani. Nikapeleka matikiti shuleni.

Tangu siku ile nafanya hivi, na haijaniangusha: matufaha kilo moja nayatia kwenye sufuria na sukari kidogo, ndimu na mdalasini, dakika tano sita tu, yalegee bila kupondeka. Nayamwaga kwenye chujio. Yanapoa kabisa. Chini ya keki nanyunyiza chenga za mkate mkavu au semolina, vijiko viwili vitatu, zinywe maji yaliyobaki. Mfuniko nautoboa kwa uma ili mvuke utoke. Chini ya chombo naweka trei. Na naoka Jumamosi, kwa sababu hii keki siku ya pili ndiyo inakuwa tamu na inakatika vizuri. Juu napaka sukari ya unga iliyokorogwa na maji ya ndimu.

Mzee_wa_Oveni
Mama Zuwena umesema yote. Mimi naongeza kipimo tu. Unga wa siagi wanauita moja-mbili-tatu: sukari 100, siagi 200, unga 300, yai moja na chumvi kidogo. Kwa kuwa una mfuniko, panda mpaka unga 400 na vingine vifuate, sukari 130 na siagi 260 hivi. Unga Type 405, ule mweupe kabisa. Theluthi mbili chini na pembeni, theluthi moja juu. Mfuniko usukume katikati ya karatasi mbili za kuokea, utaunyanyua bila kukatika. Na oka kwa joto la juu na chini, nyuzi 180, rafu ya pili kutoka chini. Feni inakausha.

Kijana_wa_Bremen
Feni haikaushi kaka, ukishusha nyuzi 20. Mimi naoka kwa feni 160 kila wiki.

Mzee_wa_Oveni
Biskuti sawa, na trei mbili kwa mpigo sawa. Lakini keki yenye matunda mazito inahitaji moto wa chini uupige ule unga kabla maji hayajaufikia.

Kijana_wa_Bremen
Basi atumie feni na achome kitako kwanza dakika kumi na tano bila matufaha. Wapishi wengi wanafanya hivyo.

Ndugu_wa_Stuttgart
Tukirudi kwenye matufaha: Elstar ni tamu ya kula, lakini kwa keki tafuta Boskoop. Lile kubwa lenye ngozi kavu ya kahawia na nyekundu. Limetoka kijiji cha Boskoop Uholanzi, tangu 1856, na bibi wa Kijerumani ukimwambia Apfelkuchen jambo la kwanza atakuuliza kama umepata Boskoop. Uchachu wake haufi kwenye oveni. Tufaha tamu likipikwa linabaki sukari tupu.

Kijana_wa_Bremen
Boskoop linalegea haraka. Kwa namba 1 sawa, kwa namba 3 ile mistari ya Bi Mwanaisha haitaonekana. Elstar ina uchachu wake wa kutosha, aongeze ndimu. Huku tunanunua Altes Land, yale mashamba ya kando ya Elbe jirani na Hamburg, kule eneo kubwa kuliko yote Ujerumani kwa matufaha. Wakulima wenyewe wanakuuzia mlangoni na wanakuambia lipi la keki. Vuli ikifika nenda, utajifunza zaidi kuliko humu.

Bi_Mwanaisha
Nyote mmenikatalia iliki lakini hakuna aliyeuliza mdalasini gani. Ule wa makopo ya bei rahisi madukani mara nyingi ni kasia, mkali, una kumarini nyingi, kitu ambacho kikizidi kinasumbua ini la baadhi ya watu. Hapo Ujerumani wenyewe wamewahi kuwaonya watu wakati wa biskuti za Krismasi. Mdalasini wa kweli, wa Ceylon, ule tunaoulima Unguja na Pemba, gome lake ni jembamba, limejikunja tabaka kwa tabaka, unalivunja kwa vidole. Kasia ni nene, imejikunja mara moja tu na ngumu kama ubao. Mwanangu kama una magome kutoka nyumbani, twanga hayo.

Fundi_Hamira
Bi Mwanaisha hapo nakuunga mkono mia kwa mia. Na wa kwetu hauzimi harufu ya tufaha.

Saumu_wa_Pangani
Magome ninayo, mama alinifungia! Nitatwanga.
Nimesoma yote. Sasa nipo kati ya namba 1 kwa njia ya Mama Zuwena na namba 3 ya Bi Mwanaisha. Mume wangu anasema mama yake huoka ya kufunikwa, sijui kama nikioka hiyohiyo atafurahi au ataona namshindanisha.

MamaZuwena_Kiel
Mpigie simu umwombe kipimo chake. Hakuna mama mkwe atakayekasirika kuulizwa pishi lake.

Ndugu_wa_Stuttgart
Au oka ya Swabia, ambayo yeye haoki, mshindano haupo.

Kijana_wa_Bremen
Kwa vyovyote, nunua kila kitu Jumamosi, na krimu ya kupiga usiisahau. Jumapili maduka yamefungwa. Krimu iwe baridi, na bakuli liwe baridi, sukari kidogo tu. Wao hawapendi tamu kama sisi.

Mkulima_Lushoto
Salamu kutoka Usambara. Nafuatilia mjadala kwa hamu maana huku tuna matufaha yetu, madogo na machachu kidogo, msimu wake yanauzwa kando ya barabara kwa ndoo, na watu wanayala mabichi tu. Kumbe yanafaa keki. Wajerumani walikaa hapa na kuuita mji Wilhelmstal, lakini keki yao sijawahi kuionja. Swali langu: mimi sina oveni ya umeme, nina jiko la mkaa na sufuria. Ipi kati ya hizi inawezekana?

Fundi_Hamira
Mkuu, machachu ndiyo yanayotakiwa. Anza na namba 3. Chukua sufuria nzito kubwa, tandaza mchanga mkavu chini, weka vijiwe vitatu, juu yake kile kisufuria chenye keki. Funika kwa bati, mkaa mwingi juu ya mfuniko na mchache chini. Pasha sufuria tupu robo saa kabla ya kuingiza keki.

Bi_Mwanaisha
Mkaa wa juu uwe mara mbili ya wa chini. Mkate wa mchele tunauoka vilevile. Usifunue kabla ya nusu saa.

Mkulima_Lushoto
Nashukuru sana. Baking powder ipo dukani hapa, ila siagi nzuri ni shida, inayopatikana ni ya mimea. Itakubali?

Fundi_Hamira
Kwenye namba 3 itakubali, ila chagua ile ngumu ya pakiti, si ya kopo la kupaka mkate, ile ina maji mengi. Usiitumie kwenye unga wa siagi wa namba 1.

Mzee_wa_Oveni
Kwenye namba 1 hata siagi ya pakiti ya mimea inafanya kazi, mke wangu anaitumia.

Fundi_Hamira
Inafanya kazi, ladha haipo. Mzee, hapo tutabishana mpaka asubuhi.