Nimalize filamu ya akina mama wa dagaa Kibirizi, au niondoke na wageni?

Kijana wa Mwanga
Wakuu, wakubwa shikamooni. Nipo Kigoma, nashuti harusi na maulidi. Ndoto yangu ni filamu za maisha ya watu, hapa na nchi za mbali. Nilianza 2023 na akina mama wanaoanika dagaa Kibirizi. Nimewashuti wakati wa giza, mitumbwi inaporudi alfajiri na mzigo, na wakati wa mbalamwezi, ambapo dagaa hawafuati taa na wavuvi wanapumzika. Nilikuwa nao hata 2024, Ziwa Tanganyika lilipofungwa kwa uvuvi kuanzia 15 Mei hadi 15 Agosti na chanja zikabaki tupu.

Sasa kuna wageni wanazunguka ziwa lote, Burundi, Kongo mpaka Zambia. Wananitaka niwe mkalimani na msaidizi wa kamera, miezi minne, malipo mazuri. Nilipomuaga mama ambaye filamu yangu inamfuata, akaniuliza: "Mwanangu, hizo picha zetu tutaziona lini?" Sijalala vizuri tangu siku hiyo.

Karabai
Nenda mkuu. Sauti, taa, kutunza picha zisipotee, hayo utayajua ukiwa kazini na watu waliokuzidi. Ila soma mkataba, jina lako liandikwe, na picha zako za Kibirizi usiwape hata dakika moja.

Bibi Mawese
Mjukuu wangu, mimi nimeshapigwa filamu. Walitukuta tunakamua mawese, wakatuambia tuvue ndala, tuzime redio, tufunge khanga kuukuu. Tukatii, ni wageni. Mpaka leo hatujaiona. Huyo mama usimfanyie hivyo.

Msomaji Ujiji
Shikamoo bibi. Hilo ni la zamani kama kazi yenyewe. Mmarekani Robert Flaherty, katika filamu yake ya 1922 juu ya Wainuit wa Kanada, aliwataka wawinde kwa chusa wakati bunduki walikuwa nazo, na nyumba ya theluji ikajengwa nusu ili mwanga wa kushuti uingie.

Lakini yupo Mfaransa, Jean Rouch. Aliwashuti wawindaji wa viboko kwenye mto Niger, kisha akarudi kuwaonyesha. Wakamkatalia muziki aliouweka kwenye mawindo: kiboko huwindwa kimya, akisikia ngoma anakimbia. Rouch akautoa. Wale wawindaji waliijua filamu kuliko yeye.

Kwa hiyo kijana, kabla hujaondoka tundika shuka jeupe Kibirizi, waonyeshe ulichonacho hivyohivyo kibichi. Wakirekebisha, andika. Ukirudi andika ombi Docubox pale Nairobi, wanasaidia filamu za namna hii Afrika Mashariki. Na kibali cha Bodi ya Filamu usikisahau.

Kijana wa Mwanga
Bibi, Msomaji, nimewasikia. Wageni wamekubali kunisubiri wiki mbili. Projekta nimeazima, na mama ametoa banda lake. Ameomba tusubiri mbalamwezi, ili na wavuvi wawepo nchi kavu.