Kuchora hisia kwa mchanga: umbo la kilio halitulii juu ya mpira

Sauti_ya_Uyole
Wakuu, heshima kwenu. Kwaya yetu hapa Uyole inaandaa onyesho la kuchora sauti: mtu anaimba ndani ya kopo, juu kuna puto lililowambwa, na unga unachora. Tunataka shukrani, hasira na kilio cha msibani vionekane kwa macho. Tuna kopo la rangi la lita 4 lililotolewa kitako, na unga wa sembe. Unga unajilundika vichuguu badala ya kuchora mistari, na kilio hakitoi umbo linalotulia. Tunakosea wapi?

Fundi_Mtetemo
Mkuu, anza na unga. Mchanga hukimbia pale mpira unapotikisika, hutulia pasipotikisika; ndiyo mistari aliyoionyesha Mjerumani Chladni mwaka 1787 kwenye mabati. Unga laini hufanya kinyume: hewa inayozunguka juu ya mpira huubeba na kuutua penye mtikisiko mkubwa. Mwanasayansi Mwingereza Faraday alilieleza jambo hilo mwaka 1831. Kwa hiyo vichuguu vyenu viko sahihi kabisa, ila vinaonyesha upande wa pili wa picha.

Tafuteni mchanga wa Matema, ufukweni mwa Ziwa Nyasa, au wa mto wowote. Osheni mpaka maji yatoke meupe, anikeni, chekecheni kwa chujio la chai. Tumieni uliopita. Nusu kijiko cha chai kinatosha. Ukizidi, punje zinakaliana na mistari inavimba. Chumvi laini hung'aa zaidi kwenye puto jeusi, lakini kwa mvua za Tukuyu inanata upesi.

Chukueni kopo jingine na kitako msikitoe, sauti inavujia huko. Toboeni ubavuni, chomekeni bomba la inchi moja na nusu lenye kona, zibeni pembeni kwa silikoni, mwimbaji aimbie humo.

Binti_Njombe
Naongezea kuhusu mpira. Kata shingo ya puto, wamba, kisha funga kwa ukanda wa tyubu ya baiskeli mizunguko mitatu. Dondosha punje chache katikati na gonga ukingo kwa kidole: zikihamia upande mmoja, kopo limeinama au mpira umevutwa zaidi upande huo. Lipime kwa pima maji kabla hujaufungua mpira upya.

Asubuhi ya Julai huku Njombe mpira hukakamaa, na noti iliyotoa duara jana leo inatoa kitu kingine. Upashe kwa viganja dakika kadhaa. Pia pumzi hulowesha mpira kwa ndani. Kila baada ya waimbaji wawili watatu fungua, futa kwa kitambaa kikavu.

Imbeni "uuu", si "aaa". "Aaa" ina sauti nyingi za juu ndani yake, mistari inavurugana.

Fundi_Mtetemo
Sasa kilio. Umbo linafuata noti iko juu au chini kiasi gani na mpira umekazwa kiasi gani, halijui huzuni. Mwenye furaha na mwenye msiba wakishika noti ileile kwa nguvu ileile, mchanga unachora kitu kilekile. Tofauti iko kwenye mwendo. Shukrani iliyoimbwa kwa pumzi ndefu hushikilia duara sekunde nane, kumi. Hasira hurusha punje mpaka ukingoni kisha inaacha mpira mtupu. Kilio huteremka, kwa hiyo mistari huanza kujenga, inapasuka, inajenga mingine michache zaidi, na kwikwi ikija punje zote zinaruka mara moja. Hapo ndipo kilio kilipo, na nawasihi msikilazimishe kitulie.

Pigeni video kwa mwendo wa polepole, simu juu ya kopo, tochi ubavuni chini kabisa ili kila punje iwe na kivuli.

Sauti_ya_Uyole
Asanteni sana. Je, umbo linaweza kubaki kwenye karatasi?

Binti_Njombe
Ndiyo, dada. Paka karatasi gundi ya mbao iliyozimuliwa kwa maji nusu kwa nusu, ishushe juu ya mchanga ikiwa imenyooka, gusa tu, inua wima. Ikiteleza kidogo, mistari yote imefutika. Kwa kilio, chukua karatasi tatu: mwanzo, katikati, na baada ya kwikwi.