Matangi ya kambi yetu hayaoshwi na shawa zinatoa maji yaliyooza

Ndugu zangu, asalaam aleikum. Nafungua uzi huu kwa hasira, kwa sababu malalamiko tuliyowapelekea wasimamizi wa kambi yetu ya ujenzi wa barabara, huku Lamu bara, yamepuuzwa tangu masika yalipokwisha.

Mvua zilipokata njia, vyumba vingi vilifungwa na maji yakalala ndani ya mabomba kwa wiki kadhaa. Tuliporudi, shawa zilitoa maji ya rangi ya kutu, yenye uvundo na utelezi, nasi tukaambiwa tuendelee kuoga, yatajisafisha yenyewe. Ushauri huo ni wa hatari. Bakteria wa Legionela, waliogunduliwa baada ya nimonia kuua watu Philadelphia mwaka 1976, huzaana katika maji yaliyotuama yenye joto la nyuzi 20 hadi 45, hujificha ndani ya utando na mashapo, na humwingia mtu anapovuta hewa yenye matone madogo ya maji, hata kama hakuyanywa. Tangi jeusi la plastiki linaloshinda juani Lamu liko katika joto hilohilo mchana na usiku.

Wanajitetea kwamba boza hutiwa klorini. Klorini humalizwa na tope la chini ya tangi na hupungua upesi kwa joto, kwa hiyo ipimwe kwenye shawa ya mwisho kabisa, si kwenye boza. Huko mwisho hapajapimwa hata mara moja. Nyumba za wasimamizi wenyewe zina hita iliyoshushwa hadi vuguvugu ili kuokoa dizeli ya jenereta, ilhali maji ya moto yanapaswa kuhifadhiwa kwa nyuzi 60 au zaidi. Wanajihatarisha hata wao!

Tunadai matangi yamwagwe, yasuguliwe na kujengewa kivuli, mabomba yasiyotumika yakatwe, na vyumba vilivyofungwa vifunguliwe maji kila wiki, vichwa vya shawa vikiwa vimetolewa ili pasiwe na manyunyu ya kuvuta. Sheria ya Usalama na Afya Kazini ya mwaka 2007 inamtaka mwajiri alinde afya ya wafanyakazi wake, na hapa hailindwi.

Anayejua jinsi ya kumfikia afisa wa afya ya umma wa kaunti atuelekeze leo, kwa sababu kesho kutwa kundi jingine linarudi kutoka likizo na mabomba ya vyumba vyao hayajaguswa.