Mayotte kuwa mkoa kamili wa Ufaransa: nini hasa kilibadilika?

Swali: Wakuu, kisiwa cha Mayotte, kule Komoro, kilipofanywa mkoa wa Ufaransa mwaka 2011, mambo ya kadhi, majina na ardhi yalikwendaje?

Jibu: Kura ilipigwa Machi 29, 2009, asilimia 95 wakakubali. Sheria ya 2010 ikawavua makadhi mamlaka ya kuhukumu, na umri wa msichana kuolewa ukapanda kutoka miaka 15 hadi 18. Kadhi bado anasuluhisha, ila hukumu ni ya mahakama ya serikali.

Jibu: Majina nayo yalisumbua. Ali mwana wa Saidi aliitwa Ali Saidi. Mwanawe akabeba "Ali" kama jina la pili, si "Saidi". Ufaransa ilitaka jina moja la ukoo, ikaunda tume ya kurekebisha majina mwaka 2000. Cheti na kitambulisho visipolingana, faili linakwama.

Jibu: Ardhi ndiyo ngumu zaidi, mkuu. Viwanja vingi vimeandikwa jina la babu aliyekwishafariki na warithi hawajagawana, kwa hiyo kodi ya ardhi iliyoanza 2014 haijulikani adaiwe nani. Mirathi kwanza, hati baadaye. Halafu ruzuku ya wasio na kipato ilianza 2012 kwa robo tu ya kiwango cha Ufaransa bara. Huo ni uonevu, maana bei za dukani Mayotte ziko juu.