Shati la usaili limejikunja vibaya, gesti haina pasi. Nifanyeje?

Mgeni_wa_Dom: Wakuu habari za jioni. Nimeshuka Dodoma saa 11, kesho saa 2 asubuhi nina usaili. Shati jeupe la pamba nililipiga pasi nyumbani nikalikunja begini, limetoka kama limetafunwa na mbuzi. Pasi ya gesti imeungua na dobi wa hapa mtaani amefunga. Nisaidieni.

Mzee wa Kola: Pole mdogo wangu. Pamba kavu hainyooki hata uivute vipi, inataka maji. Lirashie kwa kiganja mpaka liwe na unyevu kote, lisilowe. Litundike kwenye henga, funga vifungo, kisha uvute kila mshono taratibu kwenda chini: kifuani, ubavuni, mikononi. Liache mbali na ukuta ulale. Hewa ya Dodoma ni kavu, asubuhi utalikuta tayari.

Jobless mwenye digrii: Vaa koti tu mkuu, mgongo wako nani atauona? 😂

Mgeni_wa_Dom: Koti lenyewe la kuazima, halifungiki. Kuna aliyewahi kutumia sufuria ya maji ya moto?

Ex-hosteli: Miaka mitatu ya chuo nimeishi hivyo. Tafuta yenye kitako bapa, sugua masizi YOTE, tandika khanga juu ya shati lenye unyevu ndipo ukandamize. Haiunguzi, maji yanachemka kwenye nyuzi 100 tu wakati pasi ya pamba inafika kama 200. Ndiyo maana mikunjo mikubwa itakushinda. Komaa na kola na kifua. Kola anzia kwenye ncha kwenda katikati, ukianzia katikati kitambaa kinakusanyikia nchani na hapo ndipo macho yanapotua.

Mama Wawili: Mwanangu, ukipata pasi ya mkaa kwa jirani, subiri mkaa uishe moshi, kung'uta majivu, jaribu kwanza kwenye kitambaa kibovu. Cheche moja kwenye shati jeupe, usaili umeisha.

Mgeni_wa_Dom: Saa 4 usiku, mrejesho. Pasi ya mkaa sijapata, mhudumu kaniazima sufuria. Kola imesimama, kifua kinaridhisha, mikono na mgongo bado ni ramani. Nimeshalitundika. Jobless, koti nalivaa, nitaliacha wazi.

Jobless mwenye digrii: Usije ukalivua wakikuambia "karibu, jisikie nyumbani".